Mpira wa Kifuniko cha Tangi

Nyumba yetu ya Mkunazini ilinuka petroli. Nyumba nyingine za mtaa ule zilinuka udi, au papa wa kuchoma, au chokaa iliyonyeshewa na mvua, lakini kwetu mtu akisukuma mlango tu alipokewa na petroli, kwa kuwa baba alikuwa akiiweka skuta yake ukumbini, hatua tatu kutoka kwenye ngazi. Harufu ile ilipanda mpaka ghorofa ya pili, ikaingia katika vyandarua, katika kanga za mama zilizokunjwa, hata katika mkate wa kumimina uliofunikwa kwa kawa. Wageni walikunja nyuso. Mimi nilikuwa nimeizoea tangu sijajua kusema, na nikirudi mchana kutoka chuo cha Kurani, juzuu kifuani, ndiyo iliyoniambia kuwa baba yumo ndani.

Baba akiitwa Mwalimu Idrisa. Alisomesha hesabu katika skuli moja ya mjini, mtu mrefu, mpole, mwenye miwani iliyofungwa uzi upande mmoja. Skuta aliinunua kabla ya Mapinduzi, na kwa miaka minne ilikuwa ndiyo anasa yake pekee. Ilikuwa ya rangi ya maziwa yaliyotiwa chai kidogo. Wakati ninaousimulia nilikuwa na miaka tisa, na madukani vitu vilikuwa vimeanza kuwa adimu. Mtu akipata betri ya tochi humwita jirani aje aione. Spea za skuta ndizo zilizokuwa za kuota usiku, kwa hiyo baba alijifunza kuitunza kwa mikono yake mwenyewe, na kila alichojifunza alinifundisha na mimi. Sikuwa na kaka wala dada. Baada yangu mama alikaa miaka tisa hajapata mwana mwingine.

Kazi aliyonipa iwe yangu peke yangu ni kifuniko cha tangi. Tangi lilikuwa chini ya kiti. Unainua kiti, unaegemeza kiganja cha kushoto juu ya kifuniko, halafu unalegeza mkono mdogo wa chuma unaokibana, kwa vidole, si kwa koleo, maana koleo hula chuma. Ukishafungua unafuta mdomo wa tangi kwa kitambaa kikavu, unautazama mpira ulio ndani ya kifuniko kama umepasuka, kisha unapitisha pini katika tundu dogo lililo katikati ili kutoa vumbi na kutu ya hewa ya chumvi. Tundu lile baba alinieleza siku ya kwanza, akanikalisha juu ya ngazi kama mwanafunzi wake. "Tangi linavuta pumzi, Raya," aliniambia. "Petroli ikitoka, hewa lazima iingie. Ukiliziba pumzi, halitoi kitu." Kila Ijumaa asubuhi niliifanya kazi hiyo, na baba hakuwa akikagua. Alikuwa akiniuliza tu, "Tayari?" Nami nikijibu, "Tayari, baba," na jibu langu likimtosha.

Mwaka ule mama akashika mimba. Mama yangu, Bi Rukia, alikuwa mwanamke mcheshi, mwenye ulimi mwepesi na mkono mwepesi zaidi wa kupika, lakini mimba ile ilimlaza chini. Hakuvumilia harufu ya kitunguu, hakuvumilia harufu ya sabuni, na zaidi ya yote hakuvumilia petroli. Na kwa bahati mbaya ndipo mpira wa kifuniko nao ukachakaa, ukakauka na kupasuka kama kisigino cha mkulima, petroli ikawa inavuja na kutiririka ubavuni mwa tangi. Nyumba nzima ikawa kama ghala ya mafuta. Mama akishuka ngazi huku ameziba pua kwa ncha ya kanga, na mara nyingi hakufika chini. Alirudi mbio kutapika. Baba alizunguka maduka yote ya Darajani na Mlandege akitafuta mpira mpya, akarudi mikono mitupu. Aliwahi kuitoa skuta nje, lakini usiku wa kwanza tu mtu akang'oa kioo, ikarudi ndani. Nilimsikia mama akisema kwa sauti ya kuchoka, "Mwalimu, ama iondoke hiyo skuta, ama ntaondoka mimi." Alikuwa akifanya mzaha, na baba alicheka. Mimi sikucheka.

Alasiri moja, mama amelala, nilichukua kipande cha tyubu ya baiskeli kilichokuwa kikifungia kuni, nikakiosha, nikakiwekea kifuniko juu yake na kuchora duara kwa chaki ya baba. Nikakata kwa mkasi wa kushonea. Mpira wa zamani ulikuwa pete, umeachwa wazi katikati. Mimi nilikata duara zima, nikaona likifunika lote litazuia harufu vizuri zaidi. Tundu la pumzi sikulisahau. Nilichoma mpira kwa sindano pale katikati, nikautazama kwenye mwanga, nikaona nukta ya nuru, nikaridhika. Nikaupachika. Siku ya pili harufu ilikuwa imepungua. Siku ya tatu hakuna aliyeisikia. Mama alishuka ngazi bila ya kuziba pua, akasimama ukumbini akivuta hewa kama aliyefika ufukweni. Nilipomwambia ni mimi, alinivuta, akanibusu juu ya utosi, akasema, "Mwanangu huyu kanipa nyumba yangu." Baba naye alisema, "Ahsante, fundi." Hakufungua kutazama. Katika maisha yangu nimesifiwa mara chache, na hakuna sifa niliyoipokea kwa furaha kama ile.

Mama alipofikia mwezi wa tisa alikwenda kwao Kidichi ajifungulie kwa mamake, kama alivyonizaa mimi. Alikwenda kwa gari la abiria, ameketi juu ya mto, na kabla hajapanda alimshika baba mkono mbele ya watu, jambo ambalo hakuwa akilifanya. "Siku ikifika, Mwalimu, tafuta gari," alimwambia. "Usije na hiyo skuta yako. Petroli ya siku hizi haiaminiki." Baba akasema, "Inshallah, ntatafuta gari." Tukabaki wawili. Kwa siku kumi baba aliendesha skuta kutoka nyumbani hadi skuli na kurudi, mwendo wa dakika tano. Ijumaa nilikwenda kufungua kifuniko kama kawaida, nikakikuta kimebana hata nikakitoa kwa kukitikisa, nikafurahi moyoni kuwa mpira wangu umekaa barabara. Pini niliipitisha kwa upande wa juu tu, kwenye chuma. Sikuugeuza mpira kuutazama.

Jumapili, kiasi cha saa nne asubuhi, mlango ukagongwa kwa kishindo. Alikuwa Faki, jirani wa bibi, amepanda baiskeli kutoka Kidichi, shati limemganda mgongoni. "Mwalimu, mkunga kashindwa," alisema, hata salamu hakutoa. "Tangu jana magharibi mtoto hateremki. Bibi anasema mlete Bi Zena, upesi." Bi Zena alikuwa muuguzi mkunga, akikaa Jang'ombe, na kina mama wa Unguja waliozalishwa naye hawakuhesabika. Baba alikimbia kwanza kuulizia gari la wagonjwa, akaambiwa limekwenda kusini na halijarudi. Akagonga kwa jirani mwenye gari. Jirani akamwonyesha gari lenyewe, limewekwa juu ya matofali, halina magurudumu. Aliporudi uso ulikuwa umembadilika. Akaisukuma skuta nje. Mimi nilikuwa nimeshapanda mbele, kati ya usukani na kiti, na hakuwa na muda wa kubishana nami. Jang'ombe tulimkuta Bi Zena anachambua mchele. Aliacha ungo pale pale, akachukua mkoba wake mweusi, akajifunga buibui kiunoni na kukaa nyuma ya baba. "Twende, Mwalimu," alisema. "Mungu yupo."

Tulipita Mtoni skuta ikienda vizuri, upepo ukinipiga usoni, nami nikiwaza kuwa nitamwona mtoto wetu kabla ya watoto wote wa mtaani. Mbele kidogo injini ikakohoa mara mbili, ikazima. Baba alipiga kiki, haikuwaka. Akapiga tena na tena mpaka jasho likamdondoka puani. Akasema ni plagi. Akaifungua ikiwa ya moto, akaungua vidole, akaisugua kwa msasa, akairudisha. Injini ikawaka. Bi Zena akasema, "Alhamdulillahi." Tulipokaribia Bububu ikakohoa tena, ikazima. Safari hii baba alisema ni taka zimeingia kwenye kabureta. Alipiga magoti kando ya barabara, akatoa vitu vidogo vidogo na kuvipanga juu ya leso yake, akavipuliza kimoja kimoja. Bi Zena hakukaa. Alisimama katikati ya barabara akitazama huku na huku kama litatokea gari lolote, na lililotokea ni punda tu na mkokoteni wa nazi. Sijui tulikaa pale muda gani. Ninachokumbuka ni kivuli cha skuta, kilichokuwa bado kimelala kando yake tuliposimama, na kilichokuwa kimejikunja chini ya magurudumu tulipoondoka.

Mara ya tatu ilizima tukiwa tunapanda kilima cha Kidichi, mikarafuu huku na huku. Baba aliisimamisha juu ya stendi yake. Halafu akainua kiti ili atazame kama petroli imekwisha, akalegeza kifuniko. Tangi likavuta hewa kwa sauti ndefu, kama mtu aliyetolewa majini. Niliisikia sauti ile na nikaijua maana yake kabla ya baba, au pamoja naye. Alikigeuza kifuniko. Mpira wangu ulikuwa umenenepa, umelegea na kuvimba kama mkate uliolowa chai, na pale nilipochoma sindano hapakuwa na tundu tena. Nyama ya mpira ilikuwa imejifumba. Baba aliutazama. Kisha akanitazama mimi. Mpaka leo sijapata neno la kuutaja mtazamo ule. Haukuwa wa hasira. Laiti ungekuwa wa hasira. Bi Zena akauliza, "Nini, Mwalimu?" Baba aliung'oa mpira, akautia katika mfuko wa shati, akazungusha leso yake mahali pake na kufunga. "Petroli ina maji," alisema. Skuta ikawaka kwa kiki ya kwanza, na haikuzima tena.

Tulifika adhana ya adhuhuri inasomwa. Bi Zena aliingia ndani mbio, na mimi nikaachwa ukumbini kwa bibi, juu ya jamvi, nikisikia sauti ya mama ambayo sikujua kuwa mama anaweza kuwa nayo. Baba alisimama uani akiishika nguzo ya banda la kuku kwa mikono miwili. Baadaye sauti ikakoma. Nilisubiri kilio cha mtoto. Nilisubiri nikihesabu, nikafika mia mbili, nikaanza tena. Bi Zena akatoka, mikono yake mitupu, akamwendea baba. Alisema kwa sauti ya chini, lakini nilikuwa karibu na dirisha. "Mama yu salama. Mtoto wa kiume, katangulia mbele ya haki. Nusu saa, Mwalimu. Tungefika nusu saa kabla." Baba akasema, "Kazi ya Mungu." Akageuka, akaweka paji la uso wake juu ya nguzo ile, na ndiyo mara ya kwanza nilipomwona baba yangu mgongo wake unatikisika.

Walimzika kabla ya alasiri, kwenye kiunga cha nyuma, amefungwa katika kipande cha nguo nyeupe kisichofika ukubwa wa taulo. Jioni niliruhusiwa kuingia kwa mama. Alikuwa amelazwa ubavu, macho makavu, kifua chake kimelowa maziwa yaliyokuwa yakitoka bila ya mtu wa kuyanywa. Baba alikaa pembeni ya kitanda. Mama hakulia. Aliuliza tu, "Mlikuwa wapi?" Baba akamjibu, "Petroli ilikuwa na maji." Mama akafumba macho. "Nlikwambia," alisema. "Nlikwambia utafute gari." Nilisimama pale miguuni mwa kitanda. Baba hakunitazama. Mpira ulikuwa mfukoni mwake. Niliona umbo lake kwenye kitambaa cha shati, na doa la petroli limeuzunguka. Wazee husema kikulacho ki nguoni mwako. Mimi nilikuwa mtoto, na nilidhani wamesema kwa ajili ya shati la baba.

Tulirudi mjini wawili. Siku ya tatu baba aliniita ukumbini. Alikuwa ameinua kiti cha skuta, ameshika kipande cha ngozi ya kiatu alichokikata pete. "Raya, njoo ufungue tangi." Nilitikisa kichwa. Nikaificha mikono yangu nyuma. Alinisubiri, hakunifokea, mpaka nikaja. Akaushika mkono wangu, akaufanya ufungue. Halafu alisema maneno aliyokuwa nayo, yote kwa mara moja, na hakuyarudia tena maisha yake. "Mpira wa tyubu hunywa petroli, huvimba. Hukulijua hilo. Mimi nlilijua, na sikukwambia, wala sikutazama. Hili ni langu, si lako. Na mama yako usimwambie. Umesikia?" Nikasema, "Naam, baba." Tukaipachika ngozi pamoja. Tangu siku ile kila Ijumaa aliniita nifungue kifuniko, na kwa muda mrefu niliona ananiadhibu. Nilikuwa mtu mzima nilipotambua kuwa hakutaka niogope mikono yangu.

Mama alikaa Kidichi arubaini yake ikaisha, na ikaisha miezi mingine mitatu, hajarudi. Baba alikwenda kila Jumapili. Alichukua sukari akiipata, alichukua kanga, alinichukua na mimi. Mama akinikumbatia mimi na kumjibu yeye kwa neno moja moja. Siku moja nikiwa nyuma ya mlango nilimsikia akimwambia, "Ulijua petroli ya siku hizi ilivyo. Ulijua, ukaona uvivu kugonga mlango wa pili na wa tatu. Mwanangu kafa kwa uvivu wako." Baba angeweza kujibu. Neno moja lingemtosha, nalo lilikuwa jina langu. Alisema, "Nisamehe, Rukia." Mama akasema hawezi. Talaka ilitoka kabla ya mwezi wa Ramadhani. Baadaye mama aliolewa Mbweni na mtu mwema, nami nikawa nakwenda kwake skuli zikifungwa. Baba hakuoa tena. Walipokutana katika harusi na misiba ya ukoo, baba alisema, "Hujambo, Bi Rukia," na mama aligeuza uso. Nilikuwa nasimama kati yao, nimemshika huyu mkono na yule mkono, na siri ya mtungi aijuaye kata. Kata ilikuwa mimi.

Baba alifariki miaka kumi na tisa baada ya Jumapili ile. Nilikuwa na mume na watoto watatu. Matanga yalipoanuliwa nilikwenda Mbweni, nikamkuta mama anakuna nazi, nikakaa chini mbele yake na kumweleza yote: tyubu, sindano, kilima cha Kidichi, mfuko wa shati. Nilisema bila kupumzika. Mkono wake ukasita juu ya mbuzi ya kukunia, hakuuondoa. Nilitaraji anipige, na ningeshukuru. Alikung'uta nazi iliyokunwa ndani ya bakuli, akakiweka kifuu chini.

"Wewe ulikuwa mtoto," alisema hatimaye. "Hilo nshasamehe kabla hujamaliza kusema. Lakini Raya, kwa nini hukunambia alipokuwa hai? Miaka yote ile nlimnyima baba yako hata salamu."

Nikamjibu, "Baba alinikataza." Lilikuwa jibu la mtoto wa miaka tisa, na aliyelitoa alikuwa mwanamke wa miaka ishirini na minane.

Mambo yamebadilika sana. Sasa kutoka Kidichi mpaka hospitali ni lami tupu. Binti yangu alipoumwa uchungu, simu moja ilitosha na gari lilikuwa mlangoni chai haijapoa. Alijifungua wa kiume, na nilipomsikia analia nilitoka nje ya wodi nikakaa juu ya ngazi, nikalia pamoja naye. Vijana wanapita na pikipiki zao, mafuta wanajaza kila pembe, spea zimejaa maduka mazima. Naona raha kwa ajili yao, na sitamani zile siku za foleni na rafu tupu zirudi. Watu hupenda kusema zamani tulikuwa na mapenzi zaidi. Mimi nilipendwa sana katika nyumba ile, na nimeona mapenzi yanavyoweza kunyamaza mpaka yakavunja nyumba.

Mama sasa anaishi kwangu. Mumewe wa Mbweni kafariki, macho ya mama yamepungua nuru, na akikaa barazani baada ya laasiri huwahadithia wajukuu habari za mtu mrefu, mpole, aliyefunga miwani kwa uzi. Hamwiti babu yenu, wala marehemu. Anamwita Mwalimu, kwa sauti ileile ya mzaha aliyokuwa akimwitia kutoka juu ya ngazi nilipokuwa mdogo. Watoto hucheka. Mimi huinuka nikajifanya nina kazi jikoni. Kwa miaka kumi na tisa ilikuwapo nafasi ya mama kumwita hivyo na yeye akamsikia, akaitika, na mimi ndiye niliyeikalia.